Kwa ninyi mliofika juzi kwenye chumba cha montaji, tunapokata na kuunga picha za habari za televisheni ya Serikali

Jana kijana wetu alikuwa anatafuta picha za kufunikia hotuba ya mkubwa. Akachukua za soko la Kenya, mtaa wa hapa Lubumbashi, za mwezi uliopita, akina mama wanacheka, akazibandika. Nikamwambia azitoe mara moja, na sauti nilipandisha. Wadogo zangu, sababu ni hii.

1. Someni kifungu cha 24 cha Katiba ya Kongo ya 2006: vyombo vya habari vya Serikali ni huduma ya umma, na mikondo yote ya siasa na ya jamii ina haki sawa ya kuvifikia. Shefu akisema "toa huyo", mwulizeni sababu kwa adabu, jibu liandikeni daftarini pamoja na saa.

2. Rushi, yaani picha ghafi kutoka kwenye kamera, hazifutwi. Diski mbili, moja ilale nyumbani.

3. Mkiamriwa kumkata mtu kwenye habari, mkateni mzima, sauti na sura. Miaka yangu ya kwanza hapa Lubumbashi nilimhoji mama mmoja muuza unga wa bukari, yaani ugali. Alisema anatozwa mara tatu kwa siku, na sokoni hakuna choo wala maji. Jioni nikaambiwa sauti hiyo haitoki. Nikatii. Lakini picha yake ilikuwa nzuri mno, mwanga wa asubuhi, mikono myeupe kwa unga, na kondakta yangu, ule mpangilio wa habari za jioni, ilikuwa na pengo la sekunde 12. Nikazima sauti yake, nikaiweka sura yake juu ya maneno ya kuwasifu wakubwa kwa kazi waliyofanya sokoni. Jurnali, taarifa ya habari ya Kiswahili, ikapita, nikapongezwa.

Siku ya tatu nikakuta meza yake tupu. Wenzake walikuwa wanamwambia amekula pesa. Nilimfuata kwake, mtaa wa Katuba. Hakunitukana. Alinipa kiti, akauliza: "Mwanangu, maneno yangu uliyapeleka wapi?" Niliomba msamaha. Niliomba na nafasi ya kulirekebisha jambo hewani, nikanyimwa. Amri ilikuwa kumnyamazisha tu. Kumsemesha asichosema nilikubuni mwenyewe, na mpaka leo nikipita kwa wauza unga nainamisha kichwa.

4. Kupaji, ile pesa anayopewa mwandishi na wanaotangazwa, msipokee, kabla ya habari wala baada.

5. Pengo likibaki, wekeni bomba la moshi la Gécamines, kampuni ya migodi, na kilima chake cha mabaki ya madini.

Kijana wa jana amezitoa zile picha. Leo asubuhi nimempa kamera arudi soko la Kenya, awaulize akina mama wenyewe wameionaje ile hotuba. Nimempa na diski mbili.