"Leseni ya simu" au "leseni ya kidijitali"? Na kitenzi "toa"

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Mimi ni mkalimani hapa Phoenix, Arizona. Wengi ninaowahudumia ni Wakongomani, ila wapo pia Watanzania, Wakenya na Warundi. Nimepewa kipeperushi kinachoeleza leseni ya udereva inayowekwa kwenye simu, nami nimekitafsiri hivi: "Jimbo limetoa leseni ya simu. Ukisimamishwa na polisi, toa simu yako. Dukani, simu itathibitisha kwamba una zaidi ya miaka 21." Mwenzangu, mtu wa Mombasa, anasema "leseni ya simu" ni kosa, niandike "leseni ya kidijitali". Nani yuko sahihi?

JIBU: Marahaba, dada yangu. Kuhusu jina, mwenzako ana hoja. Lakini niliposoma tafsiri yako, jina silo lililonishtua. Kilichonishtua ni kitenzi "toa". Nitaanza na jina kwa kuwa ndilo uliloliuliza, ila nakuomba usome mpaka kwenye kitenzi kabla hujapeleka karatasi hiyo kuchapwa.

Tukisema "leseni ya" fulani, Kiswahili kimezoea kwamba kinachofuata ni kazi au kitu kinachoruhusiwa. Leseni ya biashara inakuruhusu kufanya biashara, leseni ya uvuvi kuvua, leseni ya udereva kuendesha. Wazee wetu walikata leseni ya baiskeli, na walikata leseni ya redio pia: walilipia ruhusa ya kuwa na redio nyumbani. Kwa mazoea hayo, mzee akisoma "leseni ya simu" atajiuliza kama huko Marekani mtu hulipia ruhusa ya kumiliki simu. Wala hatakuwa amekosea kusoma. Sarufi ndiyo iliyompeleka huko.

"Ya kidijitali" haina tatizo hilo, kwa sababu ile ki- ya mwanzo inaeleza namna, kama katika mavazi ya kiafrika au maisha ya kisasa. Neno lenyewe si geni tena. Kwetu Tanzania lilipiga hodi majumbani wakati matangazo ya televisheni yalipohama kutoka analojia kwenda dijitali, Dar es Salaam ikitangulia tarehe 31 Desemba 2012, kila nyumba ikitafuta king'amuzi. Mwenzako wa Mombasa naye amelisikia sana kwenye siasa na kwenye huduma za serikali.

Hata hivyo "ya kidijitali" peke yake haitoshi, na hapa simwachi mwenzako apite bila swali. Kenya waliacha kile kijitabu chekundu cha leseni wakaingia kwenye kadi ngumu yenye chipu, na wapo wanaoiita kadi hiyo leseni ya kidijitali. Mkenya wako akisoma maneno hayo anaweza kuwaza kadi, wala asiwaze simu kabisa. "Leseni ya mtandaoni" nayo ingepotosha zaidi, kwa sababu msomaji ataelewa leseni inayoombwa kwa intaneti. Tena leseni hii haihitaji mtandao wakati wa kuonyeshwa. Kiwango cha kimataifa kinachoiongoza, ISO/IEC 18013-5 cha mwaka 2021, kimepangwa hivi kwamba simu na mashine ya kuisoma vinaweza kuongea vyenyewe kwa vyenyewe, kwa Bluetooth kwa mfano, hata mahali pasipo na intaneti.

Basi mimi ningeandika mara ya kwanza "leseni ya udereva ya kidijitali, yaani leseni iliyohifadhiwa kwenye simu", kisha popote pengine "leseni ya kwenye simu". Unaona kwamba tafsiri yako ilipungukiwa na neno moja tu. "Leseni ya simu" ni ruhusa ya kuwa na simu. "Leseni ya kwenye simu" ni leseni ile ile ya udereva, imebadilisha mahali pa kukaa. "Kwenye" ndiyo iliyofanya kazi yote.

Angalia na upatanisho, maana wachapaji huuharibu. "Leseni ya udereva ya kidijitali" ina "ya" mbili, na ya pili inarudi kwenye leseni. Akitokea mtu wa kusahihisha aone "ya" mbili zinamchosha, ageuze ya pili kuwa "wa", atapata "leseni ya udereva wa kidijitali", na hapo udereva ndio uliokuwa wa kidijitali. Katika miji mingine kosa hilo lisingefika popote. Kwako Phoenix magari ya Waymo yanapita barabarani bila mtu kwenye usukani, kwa hiyo udereva wa kidijitali upo kweli, na msomaji ana haki ya kudhani unazungumzia huo.

Sasa tuje kwenye "toa".

Mwaka jana nilikuwa kiti cha mbele katika gari la binamu yangu, Barabara ya Morogoro, tumekaribia Kibaha. Trafiki akanyoosha mkono, binamu akaegesha pembeni. "Habari za safari? Leseni." Binamu akaitoa mfuko wa shati, akampa. Yule askari akaishika kati ya vidole viwili, akazunguka nayo mbele ya gari: washa taa, indiketa kulia, kushoto, wipa. Akasoma stika ya bima kwenye kioo. Dakika nne au tano nzima kadi ilikuwa mkononi mwake, mpaka aliporudi dirishani akaturudishia na kututakia safari njema.

Hakuna aliyeona ajabu, kwa sababu ndivyo "toa leseni" inavyoeleweka kwetu. Ndani ya kitenzi hicho mna vitendo viwili, kuchomoa na kukabidhi, na hatuvitenganishi. Kwa kadi haidhuru. Ukiishika kadi yangu dakika tano umeshika jina langu, picha yangu na daraja la gari ninaloruhusiwa kuendesha. Lakini weka simu mahali pa kadi. Ile simu ina M-Pesa, ina picha za watoto, ina ujumbe wa mama na wa wakili, ina namba za watu ambao hawakusimamishwa na mtu yeyote barabarani.

Huko uliko jambo hili limefika mpaka mahakamani na mabungeni. Mwaka 2014 Mahakama ya Juu ya Marekani, katika kesi ya Riley dhidi ya California, iliamua kwamba kwa kawaida polisi anahitaji kibali cha mahakama ndipo apekue simu ya mtu, hata kama mtu huyo ameshakamatwa. Louisiana, ambayo leseni yake ya kwenye simu ilianza kutumika mwaka 2018 kupitia programu ya LA Wallet, iliandika katika sheria yake kwamba dereva akimwonyesha polisi leseni hiyo hajampa ruhusa ya kupekua mambo mengine ndani ya simu. Leseni yenyewe imeundwa kwa nia hiyo hiyo: simu inabaki mkononi mwa mwenyewe. Unaisogeza karibu na mashine au mashine inasoma msimbo wa QR, simu inakuorodheshea taarifa zinazoombwa, nawe ukiridhika unaidhinisha kwa uso au kidole.

Kazi yote hiyo ya wanasheria na mafundi, neno "toa" linaiporomosha. Mtu wako ataambiwa kwa lugha yake, kwenye karatasi inayoonekana kuwa ya serikali, "toa simu yako", naye ataitoa. Ataifungua kabisa kwa adabu, aipitishe dirishani. Na kuna jambo jingine ambalo mkalimani wa wakimbizi lazima alisikie kwa masikio ya anayemhudumia. Mitaani kwetu "toa simu" ni maneno ya kibaka. Kwa aliyetoka Kivu, akapita vizuizi vingi vya watu wenye sare na silaha, maneno hayo yana kumbukumbu ambayo mimi na wewe hatutaki kuiamsha kwa kipeperushi.

Kwa hiyo andika "onyesha". Kitenzi hiki kinamtaka mtu afanye mwenzake aone, basi. Kitu hakihami mkono. (Wengine huandika "onesha" na huwa naulizwa. Utaliona katika maandishi mazuri pia. Chagua moja, ulishike mpaka mwisho wa karatasi.) Na kwa kuwa wengi wataunganisha kuonyesha na kupeana kwa mazoea, ongeza sentensi ya kukataza: "Usiiache simu mkononi mwako." Soma tena hiyo sentensi. Nimeiweka kwa makusudi, maana niliikuta katika rasimu ya mwanafunzi wangu aliyetaka kusema "simu isitoke mkononi mwako" akaishia kusema kinyume chake. Maelekezo ya kukataza katika Kiswahili huteleza hivyo mtu anapoyaandika kwa haraka. Yasome kwa sauti mbele ya mtu asiyejua habari yenyewe.

Kuhusu "jimbo limetoa", kitenzi ni kile kile na ugumu ni mwingine. "Toa leseni" ya ofisi ni kumpa mtu leseni. "Toa leseni" ya dereva ni kuichomoa. Ya ofisi iache, ni Kiswahili safi. Ila "limetoa" inasikika kama jambo lililotendeka mara moja likaisha, na hali "linatoa" inaeleza huduma inayoendelea. Usiandike "limepitisha" isipokuwa unazungumzia sheria bungeni. Na usichanganye kutoa na kutambua. Arizona ilikuwa jimbo la kwanza kuwaruhusu watu wake waiweke leseni kwenye Apple Wallet, yaani pochi ya kidijitali iliyomo kwenye simu za iPhone, Machi 2022, na uwanja wa ndege wa Sky Harbor hapo kwenu ukaanza kuipokea. Lakini jimbo kutoa leseni hiyo hakumaanishi kila askari, kila benki na kila duka wataitambua. California ilipoanza majaribio yake mwaka 2023, ofisi yake ya magari iliwaambia watu waendelee kubeba kadi. Kwa hiyo kitenzi cha zamani "kukata leseni" bado kinahitajika: kadi inakatwa kwanza ofisini, kisha leseni inawekwa kwenye simu. Hivyo ni vitendo viwili, na mtu asidhani cha pili kinafuta cha kwanza.

Sentensi yako ya dukani ina kosa dogo la hesabu ambalo litamgharimu kijana mmoja siku yake ya kuzaliwa. "Zaidi ya miaka 21" kwa Kiswahili chetu huanzia 22. Ukisema walikuja watu zaidi ya kumi, hawakuwa kumi. Sheria ya huko inamruhusu kununua pombe aliyefika 21, hata kama amefika leo asubuhi. Tunalo neno lililonyooka: kutimiza. "Ametimiza miaka 21" haimwachi mtu nje. Tena linafaa kwa namna leseni hii inavyofanya kazi, kwa maana muuzaji anaweza kuuliza swali hilo moja tu na simu ikajibu ndiyo au hapana, bila kumpa tarehe ya kuzaliwa wala anwani ya nyumbani. Kwa kadi, yote hayo aliyaona atake asitake. Ningependa kipeperushi chako kiliseme hilo kwa sentensi nzima, kwa sababu wengi wa wasomaji wako hawajawahi kuambiwa kwamba wanaweza kuthibitisha umri bila kujieleza wao ni akina nani.

Neno la mwisho ni la Wakongomani wako. "Leseni" wengi wao hawakukua nalo. Kwao ni permi, kutoka Kifaransa, na gari ni motokari. Ukiandika "leseni ya udereva" bila kusaidia, mama wa Uvira atamtafuta mjukuu amsomee. Liweke "permi" kando ya "leseni" mara ya kwanza tu, halitamuudhi Mtanzania wala Mkenya. Warundi nao watalitambua papo hapo.

Ningeiandika hivi, kisha wewe uilinganishe na kipeperushi cha asili ulichopewa:

"Arizona inatoa leseni ya udereva (permi) ya kidijitali, yaani leseni iliyohifadhiwa kwenye simu. Endelea kubeba kadi yako ya leseni. Ukitakiwa kuonyesha leseni ya kwenye simu, ionyeshe ukiwa umeishika simu mwenyewe. Usimpe mtu simu yako. Mahali penye mashine ya kuisoma, soma kwanza taarifa zinazoombwa, kisha idhinisha ukikubali. Dukani, leseni ya kwenye simu inaweza kuthibitisha kwamba umetimiza miaka 21 bila kutaja tarehe yako ya kuzaliwa."

Ukishaichapa, mpe mama mmoja wa Kikongo aisome mbele yako kabla ya nakala hazijasambazwa, umuulize jambo moja: polisi akikusimamisha, simu itakuwa mkononi mwa nani?