Hukumu unayo, kaunti hailipi: ufanyeje?

Pole sana, ndugu. Umeuliza kama unaweza kumtuma dalali wa mahakama akakamate magari ya kaunti, maana ulishinda kesi ya kazi ya barabara na hujaona hata senti. Hapana, usijaribu. Hapa Kenya, Sheria ya Mashauri ya Serikali, Sura ya 40, kifungu cha 21, inakataza kukamata mali ya serikali, na kaunti zimo pia.

Anza na cheti cha amri, yaani hati ya mahakama inayoonyesha kiasi ambacho kaunti inapaswa kukulipa. Kiombe mahakamani siku 21 zikishapita tangu hukumu, au gharama za kesi zikishakadiriwa kama ulipewa. Kifikishe kwa kaunti rasmi, ubaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Tafadhali usiiruke hatua hii! Bila cheti, ombi lako la hatua inayofuata litatupwa na utaanza upya, jambo linaloumiza ukiwa na madeni ya vibarua.

Wakiendelea kunyamaza, nenda Mahakama Kuu uombe amri ya mandamus, yaani amri ya kumlazimisha ofisa wa umma kutimiza wajibu wake, dhidi ya afisa mwenye jukumu la kuidhinisha malipo. Akiikaidi, unaweza kumshtaki kwa kudharau mahakama. Hapo ndipo wengi huanza kulipa.