Muulize Mwalimu: Je, fahamu inaweza kuzaliwa na wakati?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Naandika hadithi ya kubuni ya kisayansi. Mhusika wangu ni mwanafizikia mzee anayevaa saa mbili kwenye mkono mmoja. Amegundua kwamba fahamu haitoki kwenye ubongo, inatoka kwenye wakati wenyewe. Kila nukta inayopita huacha unyevu fulani, na unyevu huo ukikusanyika mahali, mahali hapo huanza kujitambua. Ubongo ni mtungi tu wa kuukinga. Rafiki yangu aliyesoma muswada anasema hata uongo unatakiwa uwe na haya. Je, nadharia hii inasimama hata kidogo? – Mwandishi wa Usiku

JIBU: Marahaba, mwanangu. Mwambie rafiki yako apunguze ukali. Nimefundisha fizikia miaka 31, na nadharia zilizonikera hazikuwa za ajabu. Zilikuwa zile ambazo hakuna jambo linaloweza kuzikanusha. Yako inaweza kukanushwa, na mimi binafsi nimewahi kuikanusha nikiwa nimelala chali.

Nilikuwa nafanyiwa upasuaji wa nyonga. Daktari wa usingizi akaniambia nihesabu kurudi nyuma kuanzia kumi. Nakumbuka saba. Kisha nikamwuliza muuguzi, "Mnaanza saa ngapi?" Akacheka: "Tumeshamaliza, babu." Zilikuwa zimepita karibu saa tatu. Mtu akiamka kutoka usingizi wa kawaida huhisi kwamba usiku umekwenda, hata kama hajui ni kiasi gani. Nusukaputi haikuniachia hata hilo. Kati ya saba na kicheko cha muuguzi hapakuwa na kitu, hata giza.

Sasa niambie: wakati ulisimama? Mshale wa saa ya ukutani ulizunguka kama kawaida. Unyevu wako uliendelea kudondoka, na mtungi ulikuwapo, mzima, damu ikipita ndani yake. Mbona haukujaa? Kilichobadilika ni dawa tu, iliyovuruga mazungumzo ya chembe za neva. Hapo mwanafizikia wako ana deni la kulipa.

Tena ana la pili. Mwaka 1962 Mfaransa Michel Siffre alikaa kama miezi miwili ndani ya pango milimani Alps, bila saa wala mwanga wa jua. Alipotolewa tarehe 14 Septemba, kwa hesabu yake ilikuwa 20 Agosti. Alipojaribu kuhesabu mpaka 120, moja kwa kila sekunde, ilimchukua kama dakika tano. Fahamu alikuwa nayo muda wote, tena alikuwa akiandika kumbukumbu zake. Lakini fahamu hiyo na wakati wa saa havikwenda pamoja. Kama mtoto ni wa wakati, basi hafanani na mzazi.

(Na tafadhali usimpeleke mhusika wako angani. Saa za setilaiti za GPS hutangulia zetu kwa mikrosekunde (sehemu za milioni za sekunde) 38 hivi kwa siku, ilhali saa za wanaanga walio karibu zaidi na dunia huchelewa kidogo. Wasomaji watataka kujua nani karudi na fahamu pungufu, na hutaweza kuwajibu.)

Hata hivyo nisingeitupa nadharia yako. Edmund Husserl, mwanafalsafa aliyeandika kwa Kijerumani, alifundisha mwaka 1905 kwamba huwezi kusikia wimbo kama kila sauti inafutika kabisa ya pili inapokuja. Sauti iliyopita hubaki kidogo, na inayokuja huwa inasubiriwa. Sisi hatuhitaji mwanafalsafa kulijua hilo, maana lugha yetu ina -me-. "Alilala" imekwisha kwenda zake. "Amelala" ni tendo lililopita ambalo bado liko hapa, linakoroma. Jiwe nalo huanguka, huchakaa, hupitiwa na wakati kuliko sisi sote, ila -me- ya jiwe tunaisema sisi. Lenyewe halijishiki.

Hapo ndipo ningekarabati. Fahamu isitokane na wakati kupita, maana unapita kila mahali na mawe hayajaamka. Itokane na wakati kuzuiwa usiishe: ubongo uwe kizuizi, kama bwawa, badala ya mtungi. Nusukaputi itakuwa imefungua mlango wa bwawa, maji yakaenda bila kutuama. Sidai kwamba ndivyo ilivyo. Nadai tu kwamba mwanafizikia anaweza kuitetea mezani mpaka chai ipoe.

Ukikubali, mlaze mzee wako kitandani sura ya pili, ahesabu mpaka saba. Chumba cha upasuaji watamvua saa zote mbili, na akizinduka ataanza kuzidai kabla hajauliza kama mguu upo. Mimi nilidai miwani.