Mluzi wa Kifuani Usikusahaulishe Moyo

Wadogo zangu mnaoanza kazi mwaka huu kwenye wodi, vituo vya afya na zahanati za Mwanza, karibuni sana. Mtakutana na malaria, presha, sukari, uzazi na ajali za bodaboda, na hayo mtayazoea upesi. Mgonjwa atakayewachosha akili ni yule anayeletwa usiku akihema juu juu, kifua kinapiga mluzi, miguu imevimba, na mkononi kashika inhela iliyokwisha dawa. Wa zamu mwenzako atakuuliza: huyu ni moyo au ni kifua? Nakuomba usilipokee swali hilo lilivyo. Kwa wengi wa wagonjwa hawa ni vyote viwili, na mara nyingi kimoja ndicho kilichokiharibu kingine.

Elewa kwanza njia ya damu, maana ukiielewa hutahitaji kukariri. Damu yote inayorudi moyoni hupita kwenye mapafu kabla ya kwenda mwilini. Sehemu ya pafu ikikosa hewa kwa sababu njia zake zimeziba, mishipa ya damu ya sehemu hiyo hujibana, ili damu ielekezwe kwenye hewa. Kwa siku moja ni msaada. Kwa miaka, mishipa hukakamaa, shinikizo hupanda ndani ya mapafu, na upande wa kulia wa moyo hulazimika kusukuma kwa nguvu ambazo haukuumbiwa. Unanenepa, kisha unatanuka, kisha unashindwa, na damu inarudi nyuma kama foleni ya malori enzi za kivuko cha Kigongo: inajaa shingoni, inajaa kwenye ini, inaishia miguuni. Huo ndio moyo ulioharibiwa na mapafu.

Na kinyume chake kipo. Upande wa kushoto wa moyo ukichoka, kwa presha ya muda mrefu au kwa vali mbovu, damu hurundikana kwenye mapafu. Maji hupenya kwenye kuta za njia za hewa, kuta zinavimba, tundu linakuwa dogo, na hewa ikipita hapo inapiga mluzi uleule wa pumu. Masikio peke yake hayawezi kutofautisha mluzi huo na ule mwingine. Wataalamu wameuita pumu ya moyo tangu zamani, ingawa si pumu.

Sasa ni nani hasa anayekuja na tatizo hili huku kwetu? Vitabu vingi vitakuelekeza kwa mzee mvuta sigara. Tunao, wapo. Lakini nenda mwalo wowote wa kushushia samaki, Igombe au Kayenze au visiwani Ukerewe, uwaangalie akina mama wanaobanika samaki. Moto uko chini, sangara au sato wako juu, na mama ameinama katikati ya moshi akigeuza mmoja mmoja. Akirudi nyumbani anapikia kuni ndani ya jiko lisilo na dirisha. Ukimuuliza "Mama, unavuta sigara?" atakujibu hapana, na anasema kweli. Wewe utaandika kwenye faili kwamba hana kihatarishi, na hapo umempoteza. Muulize anapikia nini, jiko liko ndani au nje, na amebanika samaki tangu lini. Moshi wa kuni huziba njia za hewa na hudhuru mishipa ya moyo pia, hata kwa mtu ambaye hajawahi kugusa sigara.

Wapo pia waliomaliza dawa za kifua kikuu. Makovu huvuta na kupinda njia za hewa, na mtu aliyepona kabisa vijidudu anabaki na pumzi fupi maisha yake yote. Akirudi na kikohozi, pima makohozi kwa GeneXpert, kipimo kinachosaka vijidudu vya kifua kikuu, lakini ukiona aliwahi kutibiwa usisahau kwamba kipimo hicho kinaweza kuonyesha mabaki ya vijidudu vilivyokufa, na usikimbilie kumwanzishia dozi upya bila kushauriana. Wapo wachimbaji kutoka Geita wenye vumbi la mawe mapafuni. Na kwa kuwa tuko ziwani, kumbuka kichocho cha tumbo: kikishaharibu ini, mayai yake yanaweza kufika kwenye mishipa ya mapafu na kupandisha shinikizo humo. Kijana wa mwaloni mwenye tumbo kubwa na pumzi fupi anastahili uangalie shingo kabla hujasema lolote. Mshipa wa shingo ukiwa bapa, elekeza mawazo kwenye ini. Ukiwa umejaa, elekeza kwenye moyo.

Kundi linaloniuma zaidi ni mabinti. Binti wa miaka ishirini na kitu, mjamzito wa miezi sita, ameandikiwa "pumu" kwenye kituo fulani na anapuliza inhela bila nafuu. Anakohoa makohozi yenye damu kidogo, amepimwa kifua kikuu, hana. Watu watatu wameshika faili lake na wote wamesikiliza mgongo. Mgeuze alalie ubavu wa kushoto, weka upande mdogo wa stetoskopu kwenye ncha ya moyo kwa wepesi bila kukandamiza, mwambie atoe pumzi na aibane kidogo. Utasikia ngurumo ya chini, fupi, inayokuja kati ya mapigo. Hiyo ni vali ya mitrali, ile iliyo kati ya vyumba viwili vya kushoto vya moyo, iliyosinyaa, mara nyingi ni matokeo ya tonsesi za utotoni ambazo hazikutibiwa zikaleta homa ya rumatiki, ile inayoharibu vali za moyo. Mimba huongeza damu mwilini kwa karibu nusu, ndiyo maana vali iliyokaa kimya miaka yote inasema sasa. Salbutamoli, dawa ya inhela inayopanua njia za hewa, inamkimbizia mapigo, na moyo wenye vali nyembamba ukikimbia haupati muda wa kujaa, kwa hiyo mapafu yanazidi kulowa. Dawa ya pumu inamzidishia ugonjwa, halafu anaongezewa dozi. Binti huyu anahitaji eko, yaani picha ya moyo kwa mawimbi ya sauti, na rufaa mapema, si nebulaiza (dawa ya kuvuta kwa mvuke wa mashine) ya nne.

Kuhusu maswali, acha lile la mito. "Unalalia mito mingapi?" ni swali la mtu mwenye mito. Wengi wana mmoja au hawana. Uliza: "Bibi, usiku unalala chali au unaketi? Umewahi kushtuka usingizini ukatoka nje kutafuta hewa?" Anayeshtuka saa mbili tatu baada ya kulala, akakaa kitako na kupata nafuu taratibu, mfikirie moyo kwanza. Na mji wetu umekupa kipimo cha bure. Watu wanaishi juu ya mawe, Igogo, Mabatini, Bugarika, Isamilo. Muulize mwaka jana alikuwa anapanda mpaka mlangoni kwake bila kusimama au vipi, na sasa anasimama wapi. Atakutajia duka, jiwe, nyumba ya fulani. Andika hivyohivyo, na mwezi ujao umuulize tena kwa alama zilezile.

Kwenye kumpima, jicho lako la kwanza lipeleke shingoni. Mwinue kitandani kama nusu ya kuketi, kichwa kigeukie kushoto kidogo, misuli ilegee, mwanga wa dirisha uje kwa pembeni, nawe uchuchumae macho yako yalingane na shingo yake. Usikimbie. Kwa mwenye njia za hewa zilizoziba, mshipa hupanda anapotoa pumzi na kushuka anapovuta, kwa hiyo subiri uone pale anapovuta: ukibaki umejaa hata wakati huo, upande wa kulia wa moyo umelemewa. Ini nalo linadanganya. Mapafu yaliyojaa hewa hulisukuma chini, ukaligusa ukadhani limevimba. Gonga na mpaka wake wa juu kabla ya kuamua. Vilevile moyo wa mtu mwenye kifua kilichovimba kama pipa unaweza kuonekana mdogo kwenye eksirei ingawa umechoka, na sauti zake zikafifia ukiweka stetoskopu mahali pa kawaida. Ishushe chini ya mfupa wa kidari, pale kwenye chembe ya moyo, utasikia vizuri.

Halafu omba dawa anazotumia. Usikubali "nimezisahau". Ndugu arudi nyumbani au apige simu picha itumwe. Mwage bahasha zote kitandani na uzisome moja moja. Unatafuta propranololi hasa. Mtu hupewa kwa presha, kwa moyo kwenda mbio au kwa kichwa, na yeyote mwenye pumu inaweza kumfungia kifua usiku huohuo, kisha salbutamoli ikashindwa kufanya kazi kwa sababu mlango wake umefungwa. Lakini msiende upande wa pili mkawanyima wagonjwa dawa za moyo. Dawa za jamii hiyo zinazochagua moyo, kama bisoprololi, wengi wenye COPD, yaani ugonjwa sugu wa kuziba njia za hewa, wanazivumilia vizuri, na kwa moyo ulioshindwa zinaokoa maisha. Kuzisimamisha ghafla kwa sababu tu umesikia mluzi ni hatari. Kaptoprili na ndugu zake, dawa za presha na moyo, huleta kikohozi kikavu kwa baadhi ya watu: uliza kikohozi kilianza kabla au baada ya kidonge. Prednisoloni, steroidi ya kutuliza uvimbe wa njia za hewa, hushikilia chumvi na maji mwilini, kwa hiyo mgonjwa wa moyo unayempa kwa ajili ya kifua mpime uzito kila asubuhi.

Usiku ule anapoletwa, fanya yanayomsaidia kwa vyovyote. Mketishe, miguu ining'inie. Weka oksimita, kile kifaa cha kidoleni kinachopima oksijeni ya damu. Oksijeni mpe, wala usiogope, ila ukijua ana COPD lenga asilimia 88 hadi 92, anza na lita moja au mbili kwa dakika puani na urudi kuangalia baada ya nusu saa. Ukimpandisha mpaka 99 anaweza kulimbikiza hewa chafu na kuanza kusinzia. Kusinzia huko si kupata usingizi, ni dalili ya hatari. Lakini ukimwacha kwenye 75 kwa kuogopa hilo, atakufa mbele yako. Mpe nebulaiza huku umeshika mapigo yake. Kama mshipa wa shingo umejaa na chini ya mapafu pote pawili kunachacharika, mpe furosemidi, dawa ya kukojoza maji, miligramu 40 kwenye mshipa na mwekee chombo cha kupimia mkojo. Usimtundikie dripu ya maji eti kwa sababu anahema. Kisha andika saa, na andika kipi kilimpa nafuu. Mluzi uliopungua baada ya kukojoa lita moja una maana tofauti na ule uliopungua dakika kumi baada ya salbutamoli.

Kipimo cha kupuliza, kile cha kupima nguvu ya mapafu, pale kilipo, kisifanywe akiwa bado mapafu yamelowa. Moyo ulioshindwa unaweza kuleta majibu yanayofanana na njia za hewa zilizoziba. Mkaushe kwanza, mrudishe baada ya wiki kadhaa, apulize kabla na baada ya salbutamoli. Na usiwe na haraka ya kusema moyo wake ni mzima kwa kuwa amepatikana na COPD: majuma yanayofuata baada ya kifua kuzidiwa ndiyo ambayo mshtuko wa moyo na kiharusi humwandama zaidi. Akirudi na maumivu ya kifua, piga ECG, kipimo cha umeme wa moyo, hata kama anapiga mluzi.

Ukimpa rufaa kwenda hospitali ya Bugando, barua yako isiishie kwenye "anashindwa kupumua". Weka oksijeni kabla na baada, mapigo, uzito, hali ya mshipa wa shingo, dawa zote kwa majina, jiko analotumia na kama aliwahi kutibiwa kifua kikuu. Anayempokea ataanzia pale ulipoishia wewe.

Siku ya kuruhusiwa, usimwambie mama aache samaki. Samaki ndio ada ya watoto. Kaa naye na binti yake mzungumze jiko: likihamishiwa nje, likikaa upande ambao upepo wa ziwa unamtoa yeye kwenye moshi, kazi ya kugeuza ikigawanywa. Inhela aitumie mbele yako. Akishindwa kuoanisha mkono na pumzi, chukua chupa ya maji ya nusu lita, toboa kitako chake tundu linaloshika mdomo wa inhela bila mwanya, apulizie humo na kuvuta kutoka mdomo wa chupa taratibu mara nne au tano. Mwandikie tarehe ya kurudi ndani ya wiki mbili, na namba ya kilo zake za leo iwe juu kabisa ya kadi.