Kabla Hujatoboa Boti kwa Ajili ya Holda za Rodi

Juzi usiku nimepata ujumbe wa kijana mmoja wa Tanga. Kanunua boti ya faiba iliyotumika, futi 19, na muuzaji kamuongezea kayaki ya plastiki, kile kiboti chembamba cha kupiga kasia. Sasa anataka holda za rodi, yaani mabomba ya kusimamishia fimbo za kuvulia, kwenye vyote viwili, na kwenye pikapu yake pia. Kauliza kwa adabu, shikamoo fundi na kila kitu, halafu mwishoni akanichoma: "Kuna fundi huku amesema atafunga zote kwa nusu ya bei yako, asubuhi moja tu. Nimkatae?"

Marahaba, mdogo wangu. Usimkatae kwanza. Muulize chini ya ukingo wa boti, pale holda inapokaa, ataweka nini. Akikujibu kwamba skrubu zinatosha, hapo muage kwa heri.

Nitajibu kwa urefu, maana swali hili kwangu lina kisa na bado sijapoa.

Nimekulia Mtwapa, pwani ya Kenya, kwenye ule mkono wa bahari zinakolala boti za kuvulia watalii. Kazi nilifunzwa na mzee aliyekuwa akiunda mashua kabla faiba haijaenea. Mzee yule hakugusa keekee kabla ya kuingiza mkono chini ya ukingo, akapapasa taratibu huku amefumba macho, kama mkunga. Sisi vijana tulikuwa tunamcheka. Uvuvi wenyewe nyumbani ulikuwa wa mshipi na ndoana. Mjomba wangu mpaka leo anaona rodi ni mchezo wa watu wasio na mikono.

Basi demani moja akaja mwenye boti, jina lake silitaji, na holda nane zinazong'aa kama anazipeleka harusini. Wageni wake walikuwa njiani, alitaka kazi iishe kabla ya magharibi. Nikapiga ukingo wa boti kwa kifundo cha kidole, nikamwambia ukweli: hii si faiba tupu, katikati ina mbao nyepesi za balsa. Ukitoboa ukaacha mbao wazi, maji ya chumvi yataingia, balsa itaoza, na ukingo utalegea huku juu bado unapendeza. Inabidi tuchimbe balsa kuzunguka kila tundu, tujaze epoksi, ile gundi inayokauka ngumu kama jiwe, tusubiri ikauke, tutoboe upya, kisha chini tuweke bamba na bolti. Si kazi ya mchana mmoja.

Alicheka mbele ya mabaharia wake. Alisema nauza hofu. Akampelekea kazi fundi mwingine, ikafungwa alasiri ile ile kwa skrubu tatu tatu na silikoni ya bafuni. Fundi yule simlaumu sana, naye ana watoto.

Kaskazi ilipoingia, boti ilikuwa nje ya Watamu inarambaza, yaani inavuta chambo nyuma ikitembea, wakapigwa na nduaro, yule samaki mkubwa mwenye mdomo kama mkuki. Mabaharia ndio walionisimulia. Holda iling'oka na kipande cha ukingo, rodi ikaruka, rili ya bei mbaya, kile kigurudumu cha kukunjia mshipi, ikaenda nayo, na mgeni akabaki ameshika kofia. Wangeishia hapo ningenyamaza. Lakini bwana yule alirudi gatini akasema kazi ile ni yangu! Msimu mzima simu yangu ilikuwa kimya. Hajaniomba radhi mpaka leo, na tukikutana ghafla anakuwa na shughuli na saa yake.

Kwa hiyo kaskazi hii iliyopita, nahodha wa boti nyingine aliponipigia kusema nduaro mkubwa amevuta laini, yaani mshipi wa rodi, dakika nyingi rodi ikiwa bado kwenye holda niliyofunga mimi, mgeni akihangaika kukaa kwenye kiti, na kwamba amepiga tochi chini ya ukingo asione hata ufa, nilifurahi kupita kiasi. Nilikwenda kula biriani. Nilimtumia habari ile kila mtu ninayemjua gatini, na nilihakikisha inamfikia mhusika.

Sasa tuje kwenye kazi.

Watu wanadhani holda inabeba uzito wa rodi. Inabeba samaki. Chukua laini inayokatika kwa ratili 80, yaani kilo 36 hivi. Breki ya rili kwa kawaida hufungwa kati ya robo na theluthi ya nguvu ya laini, tuseme kilo 12. Hizo kilo 12 zinavuta kwenye fimbo inayotokeza kama mita moja na nusu juu ya ukingo, na bomba la holda ndani ni sentimita 23 hivi. Piga hesabu ya wenzo: 12 mara 1.5, gawa kwa 0.23, unapata karibu kilo 78 zinazosukuma mdomo wa holda upande mmoja na kitako chake upande wa pili. Rodi ikipinda urefu wa wenzo unapungua kidogo, sawa, lakini ule mshtuko wa samaki anapopiga sijauhesabu. Skrubu tatu fupi kwenye faiba ya milimita chache zitashika nini hapo?

Ndiyo maana nasema chini. Bolti zipite mpaka upande wa pili. Chini kuwe na bamba linalotawanya nguvu, la alumini au la plaiwudi ya baharini iliyopakwa epoksi pande zote, na pasipofika bamba basi washa, vile visahani vya chuma vya chini ya nati, kubwa kabisa unazoweza kupata. Nati ziwe zile zenye nailoni ndani, kwa sababu boti inatetemeka saa zote. Paka grisi kidogo kwenye nyuzi za bolti. Stenlesi kwa stenlesi hung'ang'aniana, na siku ya kufungua utaikata kwa msumeno.

Kuhusu stenlesi, usidanganywe na sumaku dukani. Wauzaji wanapenda kuonyesha kwamba sumaku haishiki, ndiyo ithibati. Stenlesi ya 304 nayo kwa kawaida sumaku haiishiki vizuri, na baharini itatoka madoa ya kutu mapema. Ya chumvi ni 316, ile yenye molibdeni asilimia 2 hadi 3. Tafuta namba iliyogongwa kwenye bidhaa au nunua kwa mtu anayeuza vifaa vya boti. Na kama ukingo wako ni wa alumini, stenlesi isiiguse moja kwa moja, weka mpira au plastiki katikati, la sivyo alumini italiwa.

Mahali pa kutoboa hapachaguliwi kwa macho. Ingiza mkono chini. Kuna mipira ya mafuta, nyaya za taa, pengine tangi. Kisha shikilia holda kwa tepu, uweke rodi yenye rili yake, uzungushe mpini. Nimeona boti mpya kabisa ambayo mpini wa rili unagonga ukuta wa ndani kila mzunguko, na mwenyewe anavua akiwa ameinama. Angalia pia pembe. Holda huja wima, au za nyuzi 15, au za nyuzi 30. Za tezi, huko nyuma ya boti, mimi naelekeza nyuma, za ubavuni zitazame nje kiasi ili laini zisishikane boti inapokata kona. Ukishatoboa pembe imeshakaa, hutaibadilisha kwa maombi.

Kutoboa kwenyewe ni rahisi kuliko watu wanavyoogopa. Bandika tepu ya karatasi, chora kwa kielelezo kilichokuja na holda, tumia msumeno wa duara, na uanze kwa kuuzungusha kinyume mpaka ukwaruze rangi ya juu ndipo uurudishe. Hivyo haimeguki. Kwa holda ya nyuzi 30 keekee nayo ilale nyuzi 30. Tundu likibana, tumia tupa, usipanue kwa hasira.

Gundi ni ya poliyurethani ya baharini, Sikaflex 291 au ya aina hiyo. Jaza chini ya ukingo wa holda na kuzunguka kila bolti, kaza kidogo tu, acha ishike, ndipo umalizie kukaza. Ukikaza yote siku hiyo hiyo gundi yote itakimbilia nje utaifuta na kitambaa. Na angalia holda yako kama ina kitako wazi. Iliyo wazi inamwaga maji chini ya ukingo, na mara nyingi chini ya ukingo ndiko watu wanakoweka betri. Nunua iliyofungwa yenye mrija wa kutolea maji, uupeleke nje.

Vijana wenzangu wa kazi hii, niruhusuni. Bei tunaiua wenyewe. Mteja anaona kinachong'aa juu, haoni bamba, na wewe kwa kuogopa kumkosa unakubali kuliacha bamba. Siku holda iking'oka hatakumbuka kwamba alikubana bei, atakumbuka jina lako. Au jina langu! Mkatae mteja wa namna hiyo. Kukataa kuna njaa, najua, nimelala nayo. Piga picha ya chini kila unapomaliza, mtumie mwenye boti, na nakala ubaki nayo. Ningekuwa na mazoea hayo zamani, ule uongo wa gatini usingevuka hata siku moja.

Kayaki ni habari nyingine, na hapa fundi wa faiba anaweza kukuharibia kwa nia njema. Kayaki nyingi ni za plastiki iitwayo polietilini, na polietilini haishikwi na gundi yoyote ya maana. Sika utakayopaka itabanduka kama ngozi ya kitunguu. Kwa hiyo bolti na washa pale mkono unapofika ndani, na usipofika, riveti zile za alumini zinazopasuka miguu mitatu kwa ndani, pamoja na mpira wa kuzuia maji. Kama kayaki ina reli za kiwandani za kufungia vifaa, tumia hizo, usitoboe kabisa. Kabla ya lolote ikalie mchangani na kasia mkononi, upige makasia kwa nguvu zako zote kushoto na kulia. Popote kasia au kifundo chako kinapogusa, hapo holda haikai. Mimi naona mbili nyuma ya kiti za kubebea na kurambazia, na moja mbele ya kugeuzika, zinamtosha mtu mmoja. Kila rodi iwe na kamba yake. Kayaki hupinduka, na rodi nyingi za kawaida huzama.

Pikapu sitaisema sana kwa sababu haina siri. Bomba la plastiki la inchi 2, ulikate urefu wa kitako cha rodi, chonga mfereji mdomoni ili shingo ya rili iingie, lainisha kwa msasa, funga kwa klempu nyuma ya kabini au kwenye keria. Klempu mbili kwa kila bomba, ukiweka moja tu bomba litazunguka. Toboa chini maji yatoke. Rodi zikisimama wima kumbuka urefu wake unapoingia geti, kituo cha mafuta au chini ya mwembe. Ncha ndiyo inayokatika na ndiyo ghali. Zikilala na kutokeza nyuma, funga kitambaa chekundu. Matuta ya barabara ya Malindi yatalegeza nati zako zote, zikaze kila safari.

Na usiku rili ziingie ndani ya nyumba. Za kwangu ziliondoka nje ya mkahawa Mombasa, klempu zikiwa zimekazwa vizuri kabisa.