Kijitabu cha kwaya kimetoka kurasa zimevurugika

Pole ndugu. Kama nimekuelewa, faili lako lina kurasa 18, umechapa mbili mbili kwenye A4, na ukikunja, ukurasa wa 2 ndio unakaa mbele kama jalada. Printa haina kosa. Mpangilio ndio haufai kukunjwa.

Kwanza, idadi igawanyike kwa 4. Ongeza kurasa 2 tupu ziwe 20, lakini zisiwe mbele, zitasogeza namba zote. Halafu hifadhi kama PDF, fungua kwa Adobe Reader, na kwenye dirisha la kuchapa chagua kijitabu, pande zote mbili, karatasi igeuzwe upande mfupi. Ukichagua mrefu, nyuma itatoka kichwa chini miguu juu.

Kuhakiki ni rahisi: namba mbili za upande mmoja zijumlishwe, zitoe 21 kila mara. 20 na 1, nyuma yake 2 na 19, karatasi inayofuata 18 na 3. Isipotoa 21, simamisha.

Toa nakala moja, ikunje, ifunue yote, ndipo uchape za wanakwaya wote. Kikiwa kinene sana kurasa za katikati hutokeza nje. Hapo mpelekee mchapaji mwenye mashine ya kukatia.