Nyanya Zisubiri: Maswali Yenu Kuhusu Supu ya Maharage

Toleo lililopita tuliomba maswali kuhusu supu ya maharage na nyanya yenye majani ya viungo. Barua nyingi zinalia kilio kimoja: maharage yamegoma kuiva. Tunaanza na hilo, na jibu lake ni refu kwa sababu ndani yake mna mapishi yenyewe.

Huwa naosha maharage, naweka nyanya, vitunguu, karoti na chumvi, nabandika vyote kwa pamoja. Saa tatu baadaye nimeshaongeza maji mara mbili na maharage bado yanagonga meno. Shemeji yangu wa Dar es Salaam anapika hayohayo kwa saa moja na nusu. Nakosea wapi?
*Msomaji, Njombe*

Mambo ni mawili, na moja si kosa lako. Njombe iko karibu mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, na huko maji huchemka yakifika nyuzijoto 93 hivi, si 100 kama Dar es Salaam. Ukiyatazama yanatokota vilevile, ila joto lake ni dogo. Saa ya shemeji usiitumie kupimia sufuria yako.

La pili ni nyanya. Zina asidi, na asidi huzuia ile gundi inayoshikanisha nyama ya harage isilegee. Harage likikutana na nyanya likiwa bado gumu, litabaki gumu hata ukilichochea moto kutwa. Ndimu, ukwaju na siki ni hivyohivyo. Kwa hiyo pika vitu viwili mbalimbali, uvikutanishe mwishoni.

Kipimo cha watu sita: maharage makavu nusu kilo, nyanya zilizoiva sana 7 au 8, vitunguu maji 2 vikubwa, karoti 2, punje 5 za kitunguu saumu, mafuta vijiko 3 vya chakula, kijiti kimoja cha rozmari chenye urefu wa kidole, fungu moja la giligilani, pilipili manga na chumvi.

Chambua maharage, uyaloweke kwenye lita 2 za maji yenye kijiko 1 cha chakula cha chumvi, kwa saa 8 hadi 12. Kwenye joto la pwani usizidishe hapo, yataanza kutoa povu na harufu ya kuchacha. Mwaga maji hayo, suuza, weka lita 2 na nusu za maji mapya. Acha yachemke kwa nguvu dakika 10 za mwanzo, toa povu, kisha punguza moto na ufunike nusu. Sehemu za chini hesabu saa moja hadi moja na nusu. Kwako Njombe jiandae kwa zaidi. Maji yakipungua, ongeza ya moto ili yasikate mchemko.

Kujua kama yameiva, usionje moja. Toa matano kutoka pande tofauti za sufuria, uyabonyeze moja moja kwa ulimi dhidi ya kaakaa. Yote matano yakipondeka bila chengachenga za unga katikati, yameiva. Likikataa hata moja, rudisha mfuniko.

Wakati huo tengeneza rojo. Kaanga vitunguu vilivyokatwa vidogo kwa moto mdogo dakika 8 au zaidi, mpaka vilainike na kuwa na rangi ya dhahabu. Hapa ndipo wengi wanapoharakisha, halafu wanalalamika supu ni kali. Ongeza karoti, kisha kitunguu saumu kilichotwangwa kwa dakika moja tu. Nyanya zikate nusu kwa upana, ukwangue upande uliokatwa. Nyama inashuka bakulini na ganda linabaki kiganjani, hakuna haja ya kuzichemsha ili kuzimenya. Zimimine pamoja na kijiti cha rozmari, upike dakika 12 hadi 15. Rojo liko tayari mafuta yakijitenga pembeni, na mwiko ukipita chini ya sufuria unaacha njia isiyojifunga papo hapo.

Sasa mimina rojo kwenye maharage yaliyoiva pamoja na maji yake. Weka kijiko 1 cha chai cha chumvi, chemsha kwa moto mdogo dakika 20, onja, ongeza chumvi ikihitajika. Toa kijiti cha rozmari. Epua, ndipo unyunyize majani ya giligilani na pilipili manga.

Mama mkwe anasema chumvi hukaza maharage, dawa yake ni magadi. Ninyi mnasema tuyaloweke kwa chumvi. Nimsikilize nani?
*Msomaji, Moshi*

Kwenye chumvi, tuaminini sisi. Chumvi ya kulowekea hulainisha ganda, ndiyo maana maharage yaliyolowekwa hivyo huiva sawasawa na hayapasukipasuki. Kinachokaza ni asidi, au maji ya kisima yenye chokaa nyingi, yale yanayoacha ukoko mweupe ndani ya birika. Na maharage ya zamani. Yakikaa stoo yenye joto na unyevu mwaka au zaidi, hayaivi vizuri hata uyabembeleze vipi. Muuzaji akikwambia ni mapya, tazama ganda: lililofifia, lenye mikunjo hata kabla ya kulowekwa, halidanganyi.

Kuhusu magadi, mama ana hoja, kwani hulainisha kweli. Lakini yakizidi, maharage huwa telezi, ladha inakuwa ya sabuni na sehemu ya vitamini B hupotea. Tena magadi ya ziwani mara nyingi huwa na floridi, na maji ya maeneo mengi ya Arusha na Kilimanjaro tayari yanayo ya kutosha kuchafua meno ya watoto. Huko kwenu tungeyaacha kabisa.

Supu yangu ni maji juu, maharage chini. Niweke unga wa ngano?
*Msomaji, Nakuru*

Hapana, utapata ladha ya uji. Chota upawa mbili za maharage yaliyoiva, yaponde, uyarudishe dakika 10 kabla ya kuepua. Ukitumia blenda, usijaze zaidi ya nusu na uyaache yapoe kwanza, maana mvuke husukuma mfuniko ukarusha supu ukutani, na usoni.

Gesi imepanda. Naweza kupika maharagwe kwa presha kuka, au kwa lile kapu la kuhifadhi joto?
*Msomaji, Nairobi*

Vyote viwili vinafaa, ila kila kimoja kina mtego wake.

Presha kuka: usivuke nusu ya sufuria, maana povu na maganda ya maharage yanaweza kuziba tundu la mvuke. Kijiko kimoja cha mafuta hupunguza povu. Yaliyolowekwa yanahitaji dakika 15 hadi 20 tangu presha ipande. Zima, acha ishuke yenyewe. Ukiitoa kwa pupa, maharage hupasuka. Rojo la nyanya liingie baada ya kufungua.

Kapu ndilo la kuwa nalo makini. Maharage, hasa mekundu, yana sumu ya asili inayoleta kutapika na kuharisha ndani ya saa chache. Mchemko wa nguvu huiua. Joto la vuguvugu haliiui, na maharage yaliyopashwa bila kuchemka yanaweza kuwa na madhara kuliko mabichi. Kapu halichemshi, linatunza joto tu. Kwa hiyo chemsha kwa nguvu dakika 30 kamili, ndipo ufunike sufuria na kuitia kapuni kwa saa 3 au 4. Ukiitoa, irudishe motoni ichemke tena kabla ya kuweka rojo.

Kila majani ninayoweka hayasikiki, isipokuwa rozmari ambayo inafanya supu inuke kama dawa ya kuchua.
*Msomaji, Tanga*

Rozmari ni ngumu, huachia harufu polepole na haijui kunyamaza. Kijiti kimoja kwa sufuria nzima kinatosha. Weka kizima ili ukitoe, usikate vipande. Majani laini ni kinyume chake: giligilani na mrehani zikichemka dakika tano, harufu imeshaondoka na mvuke. Vijiti vya giligilani usivitupe, vikate vidogo uvikaange na vitunguu, majani yake yasubiri sufuria iepuliwe. Mrehani uchane kwa vidole moja kwa moja kwenye bakuli la mlaji. Lakini usije ukachuma kivumbasi kwa kuona ni jamaa yake. Harufu inayofukuza mbu itafunika sufuria nzima.

Ukitumia majani makavu, kijiko kimoja cha chai ni sawa na kijiko kimoja cha chakula cha mabichi. Yaingie pamoja na nyanya.

Niko Muscat, natoka kazini usiku, sina muda wa kuloweka. Ya kopo yanafaa?
*Msomaji, Muscat*

Yanafaa sana. Kopo la gramu 400 likimwagwa maji hubaki na gramu 240 hivi za maharage, kwa hiyo kipimo chetu cha watu sita ni makopo matano. Wewe na mwenzio mnatosheka na makopo mawili, pamoja na nusu ya kipimo cha rojo. Yasuuze, yana chumvi yake. Onja kabla ya kuongeza yoyote. Kwa makopo mawili weka nusu lita ya maji ya moto na uchemshe dakika 15 ndani ya rojo. Haya yameshaiva kiwandani, hayaogopi nyanya.

Nikiacha supu jikoni usiku, asubuhi ina vipovu na uchachu. Nikiichemsha tena inafaa?
*Msomaji, Temeke*

Imwage. Kuchemsha huua vijidudu vingi, lakini baadhi ya sumu zinazoachwa na vijidudu hazifi kwa moto. Siku nyingine, ikibaki, igawe kwenye vyombo vipana visivyo na kina ili ipoe upesi, na ndani ya saa mbili iwe kwenye friji. Hukaa siku tatu. Kwenye friza hukaa hata miezi mitatu, ila igandishe bila giligilani, uweke mbichi siku ya kupasha. Ukiikuta imekuwa nzito kama rojo la wali, ongeza kikombe cha maji ya moto, na uonje chumvi upya.